Watu wa majini wangesema ‘nasikia’

Tuseme mwandishi wa bunilizi ya kisayansi ameunda jamii ya watu waishio nusu majini, nusu nchi kavu. Kilindini mna kiza, jicho halifiki mbali. Sauti nayo husafiri huko takriban mita 1,500 kwa sekunde, zaidi ya mara nne ya kasi yake hewani. Watu hao wangeujua ulimwengu kwa sikio. Je, wangetoa ‘maoni’? Wangekuwa na ‘mtazamo’? La hasha! Maneno hayo yamezaliwa na kuona na kutazama.

Kwangu mimi, mwandishi huyo hana haja ya kukimbilia msamiati wa kigeni. Sisi Waswahili husikia njaa, husikia baridi, husikia hata harufu ya samaki! Kitenzi kimoja kimebeba sikio, tumbo, ngozi na pua. Isitoshe, kuna tanakali: majini chubwi, matopeni tapwi, mchangani tifu. Hata aliyefumba macho atajua mtu kaangukia wapi.

Basi mwalimu, mwanafunzi akiandika ‘nasikia njaa’, usimkate alama ukidai sahihi ni ‘nahisi’ pekee. Hapo utakuwa umemziba sikio.