Kaa Amekufa, au Anajivua Gamba?

Jamaa watokao Mombasa huweza kuwaletea watoto zawadi ya duvi, yule kaa mdogo aishiye ndani ya kombe tupu la konokono. Duvi wa nyumbani kwangu alijifukia mchangani, asile siku nyingi. Nikamfukua nikimdhania maiti. Mwili wake laini ukatikisika. Siku ya pili akafa kweli. Mwanangu alilia, na kosa lilikuwa langu.

Duvi ajifukiaye kwa kawaida anajivua gamba. Kazi hiyo huchukua majuma kadhaa, hata miezi, wala haifai kumgusa. Aliyekufa hujulikana kwa harufu kali ya samaki aliyeoza. Dalili za ugonjwa ni kulegea, kupukutika miguu, na kutoka kombeni akakaa uchi.

Tiba yake ni makao mema. Hupumua kwa matamvua, nayo hutaka unyevu. Hewa kavu humuua polepole. Mpe chombo chenye kifuniko, joto la sentigredi 24 hadi 29, mchanga mnyevu wenye kina cha kumfunika kabisa, na makombe matupu yaliyo makubwa kidogo. Mpe pia maji matamu yasiyo na klorini, na maji ya chumvi ya bahari. Chumvi ya mezani haifai. Aliye uchi atengwe penye unyevu na kivuli, pamoja na makombe.

Akitunzwa vyema, huweza kuishi zaidi ya miaka 10. Basi, ndugu, kabla ya kufukua, nusa kwanza.