Ufunguo wa buku tano ulivyoniumbua Chumbageni

Leo sina stori ya mapenzi. Nina aibu yangu mwenyewe, na ukinicheka sitanuna.

Mwaka 2021 nilikuwa nashika zamu kwenye steshenari moja hapa Chumbageni: kuchapa, kutoa kopi, kuskani vyeti. Antivairasi yetu ya kulipia ikaisha muda. Mshikaji mmoja akaja na dili: namba ya leseni kwa buku tano, "inakaa mwaka mzima, mwanangu". Nikaona nimeula. Kumbe wapi! Namba ikagoma. Akarudi na flashi yenye kijiprogramu cha kuvunja leseni, na sharti moja: nizime kwanza kinga yote ya kompyuta.

Jamani! Unamwambia mlinzi akalale ili mgeni apite, halafu unashangaa kuku wameibiwa?

Kesho yake hakuna faili lililofunguka. Kila folda ina barua ya Kiingereza: lipa dola 490 ndani ya saa 72, ukichelewa ni 980. Baadaye ndiyo nikajua kirusi hicho kinaitwa STOP, wengine Djvu, na kinapenda sana kusafiria programu za kuvunja leseni.

Kilichoniuma si mashine. Kuna dada wa chuo alikuwa amechapa kwetu ripoti yake ya utafiti, kazi ya miezi mitatu, na nakala pekee ilikuwa mle ndani. Alikaa kwenye benchi kimya. Hakunitukana. Bora angenitukana.

Sasa sikilizeni, washkaji. Leseni moja ikitumika kwenye mashine lukuki, kampuni inaifungia. Alama inabaki kwenye kioo, lakini taarifa za virusi vipya haziji tena. Hapo una picha ya mlinzi, mlinzi mwenyewe hayupo. Na hicho kivunja leseni mara nyingi ndicho kirusi. Juni 2021 kampuni ya Avast ilitangaza kirusi Crackonosh, kilichojificha ndani ya programu za wizi na kuingia kompyuta zaidi ya 222,000 duniani. Kikishaingia, kinaua antivairasi.

Tufanyeje na mifuko hii iliyotoboka? Windows 10 na 11 zina Defender ndani yake, bure. Usiizime. Ila msaada wa kawaida wa Windows 10 uliisha Oktoba 14, 2025, kwa hiyo mashine ikiweza, hamia 11. Ukitaka nyingine, Avast na Bitdefender wana matoleo ya bure. Chukua kwao wenyewe, usichukue kwenye flashi ya mtu. Ukinunua, dai risiti. Na kazi yako weka nakala ya pili kwenye flashi unayoichomoa na kuifungia kabatini.

Wahenga walisema rahisi huvunja upishi. Yule dada nilimchapia upya ripoti nzima kutoka kwenye daftari lake, usiku kwa usiku, bila senti tano. Hapo ndipo nilipoijua bei halisi ya ule ufunguo.

Haya, tukutane wiki ijayo!