Alama ya Kilimohai na Usafi wa Mboga

Vyakula vingine sokoni vina alama ya Kilimohai, iliyoanza kutumika Afrika Mashariki mwaka 2007. Maana yake, vimelimwa bila mbolea za chumvichumvi wala dawa za sumu za viwandani.

Lakini alama haisemi kwamba mboga hazina vijidudu. Samadi mbichi na maji machafu huweza kuleta mayai ya minyoo, nayo hayaonekani kwa macho. Kwa hiyo mboga zote zioshwe kwa maji safi na salama, kisha zipikwe.

Pasipo na alama, muulize mkulima alipiga dawa lini. Kuosha hupunguza sumu, lakini hakuimalizi. Nawe mkulima, usichume kabla hazijapita siku zilizoandikwa kwenye kopo la dawa. Mchicha unaouza asubuhi, watoto wa jirani wataula jioni.