Kitenzi Kinywani mwa Mwongoza Watalii: Forodha ya Thessaloniki na Urithi wa Wayahudi Wake

Utangulizi

Msomaji wa Biblia ya Kiswahili analijua jina la Thesalonike. Wakristo wa mji huo ndio walioandikiwa na Mtume Paulo nyaraka mbili, na kitabu cha Matendo ya Mitume, sura ya 17, kinaeleza kuwa mji huo ulikuwa na sinagogi la Wayahudi. Mji wenyewe ungalipo. Leo unaitwa Thessaloniki, ni wa pili kwa ukubwa nchini Ugiriki, na ni bandari kubwa ya kaskazini mwa nchi hiyo. Wageni wanaoutembelea huweza kuongozwa kwa miguu katika njia inayounganisha mambo mawili, yaani forodha ya kale na urithi wa Wayahudi.

Makala haya yanaifuata njia hiyo kwa lengo moja. Wengi wetu tunafundisha Kiswahili cha utalii, na baadhi ya wanafunzi wetu watajipatia riziki kwa kuongoza wageni. Kwa kawaida tunawapa msamiati: mnara, jumba la makumbusho, magofu, mtaa wa kale. Msamiati ni muhimu, ila hautoshi. Thessaloniki inatuonyesha kwamba mwongoza watalii anaweza kutaja kila jengo kwa jina lake sahihi na bado akapotosha, kwa sababu tu ya mnyambuliko wa kitenzi alichochagua.

Gatini: hamali na Sabato

Tuanzie bandarini. Katika gati la zamani yamo maghala ambayo siku hizi yana makumbusho ya picha na ya filamu. Hapa Mswahili hahitaji mkalimani wa neno moja. Wachukuzi wa mizigo waliofanya kazi katika gati hili waliitwa hamal, neno lile lile la asili ya Kiarabu ambalo kwetu ni hamali. Wengi wao walikuwa Wayahudi. Kwa kuwa Wayahudi hupumzika siku ya Sabato, bandari nzima ilisimama Jumamosi. Meli ya taifa lolote iliyofika siku hiyo ilisubiri. Hali hii iliendelea hadi mwaka 1924, ambapo serikali ya Ugiriki ilipitisha sheria ya kufanya Jumapili kuwa siku ya mapumziko kwa wote.

Mgeni atauliza: Wayahudi hawa walifikaje kwa wingi hivyo? Jumuiya ndogo iliyozungumza Kigiriki ilikuwapo tangu kale. Lakini mwaka 1492 Mfalme Ferdinand na Malkia Isabella wa Uhispania walitoa amri kwamba Myahudi yeyote asiyebatizwa aondoke nchini. Sultani Bayezid wa Pili wa dola ya Uturuki ya Kiosmani aliwapokea, na maelfu yao walikaa Thessaloniki. Waliyapa masinagogi yao majina ya kwao walikotoka, kama vile Aragon, Kastilia, Katalonia na Lisbon. Hesabu ya watu ya mwaka 1913 ilionyesha Wayahudi wapatao 61,000 katika mji wa watu wapatao 158,000. Walikuwa wengi kuliko Waturuki na kuliko Wagiriki.

Hapa kuna kitenzi cha kwanza cha kuangalia. Mwongoza watalii akisema kuwa Wayahudi "walihamia" Thessaloniki kutoka Uhispania, hajasema uongo kamili, maana ni kweli walihamia. Lakini mgeni ataelewa kwamba walipenda. Kauli sahihi ni kwamba "walifukuzwa", na mfukuzaji anajulikana kwa jina.

Lugha ya sokoni

Wahamiaji hao walikuja na Kihispania cha karne ya 15. Lugha hiyo ilichukua maneno ya Kiebrania, Kituruki, Kigiriki, Kiitaliano na Kifaransa, ikawa lugha yenye sura yake. Wengi huiita Ladino. Walimu wa Kiswahili wataona mengi wanayoyafahamu. Iliandikwa kwa herufi za Kiebrania, kama vile Kiswahili kilivyoandikwa kwa karne nyingi kwa herufi za Kiarabu. Ilikuwa lugha ya forodhani na sokoni, hata wafanyabiashara wasio Wayahudi wakalazimika kujua kiasi chake ili wauze na kununua. Ilikuwa pia na magazeti. Gazeti la La Epoca lilianzishwa mwaka 1875 na Saadi Halevi, mchapishaji wa mji huo.

Tunasema mara nyingi darasani kwamba lugha ya biashara haifi kwa urahisi, kwa kuwa kila mtu anaihitaji. Tulishike wazo hilo, kwani tutalirudia mbele kidogo.

Ukuta, mnara na moto

Kutoka gatini, njia inafuata ukingo wa bahari kuelekea Mnara Mweupe, ambao ni alama ya mji. Zamani ukuta uliutenga mji na maji. Kuanzia mwaka 1869 utawala wa Kiosmani uliubomoa ukuta wa upande wa bahari, ukafukia sehemu ya ufuo na kupata barabara pana. Mnara, ambao ulikuwa sehemu ya ngome na kwa muda ukatumiwa kama gereza, uliachwa. Upande wa mashariki wa mnara ipo sehemu mpya ya matembezi, yenye urefu wa takriban kilomita tatu na nusu, iliyokamilishwa katika muongo wa 2010.

Mgeni hushangaa kwamba katikati ya mji wa kale namna hii majumba mengi ni ya karne ya 20. Sababu ni moto wa Agosti 1917. Ulianza katika nyumba moja, ukasukumwa na upepo, na watu zaidi ya 70,000 wakakosa makazi. Wengi wao walikuwa Wayahudi. Masinagogi yapatayo 30 yaliteketea. Mji ulipangwa upya kwa ramani ya Mfaransa Ernest Hébrard, na uwanja mkubwa wa Aristotelous unaotazama bahari ni tunda la mpango huo.

Zingatia kitenzi: masinagogi "yaliteketea". Hakuna ushahidi kwamba mtu aliyateketeza kwa makusudi. Kitenzi kisichotaja mtenda kinafaa hapa, kwa kuwa kinalingana na tukio.

Uwanja wa Uhuru

Karibu na bandari kuna uwanja uitwao Eleftherias, maana yake Uhuru. Jeshi la Ujerumani ya Hitler liliingia mjini Aprili 1941. Tarehe 11 Julai 1942 wakuu wa jeshi hilo waliamuru wanaume wa Kiyahudi wa miaka 18 hadi 45 wakusanyike uwanjani hapo. Walifika wapatao 9,000. Walisimamishwa juani kwa saa nyingi, wakapigwa na kudhalilishwa mbele ya watazamaji, kisha wengi wao wakapelekwa kufanya kazi za shuruti.

Mwaka uliofuata Wayahudi walilazimishwa kuvaa nyota ya njano na kuhamishiwa katika mitaa maalumu. Mtaa wa Baron Hirsch, ulio jirani na stesheni ya reli, ulizungushiwa uzio. Garimoshi la kwanza liliondoka tarehe 15 Machi 1943. Hadi Agosti watu zaidi ya 45,000 walikuwa wamesafirishwa hadi kambi ya Auschwitz-Birkenau huko Poland, na wengi wao waliuawa kwa gesi mara walipofika. Baada ya vita, Wayahudi waliosalia mjini walikuwa wapatao 2,000. Uwanjani hapo sasa kuna sanamu ya shaba, kazi ya Nandor Glid, yenye umbo la kinara cha matawi saba kilichofumwa kwa miali ya moto na miili ya binadamu.

Tulirudie sasa wazo letu la darasani. Ladino haikushindwa na lugha nyingine sokoni. Wazungumzaji wake wengi mjini waliuawa katika muda wa miezi michache. Kwa hiyo mwanaisimu anayesema kuwa lugha hii "ilififia" Thessaloniki anatumia lugha ya kitaaluma kufunika tukio la kijinai.

Chuo kikuu juu ya makaburi

Kituo kinachofuata kinapaswa kutugusa sisi watu wa vyuo. Mashariki mwa mji wa kale yalikuwapo makaburi ya Wayahudi yanayokadiriwa kuzidi 300,000, na baadhi yake yalikuwa ya karne nyingi. Desemba 1942 yalivunjwa. Mawe yake yenye maandishi yalitumika kama vifaa vya ujenzi sehemu mbalimbali za mji. Leo eneo hilo ni sehemu ya viwanja vya Chuo Kikuu cha Aristotle. Mnara wa kumbukumbu uliwekwa chuoni hapo Novemba 2014, yaani zaidi ya miaka 70 baadaye.

Tulinganishe sentensi nne ambazo mwongoza watalii angeweza kuzisema:

1. Makaburi yalitoweka wakati wa vita.
2. Makaburi yalivunjika wakati wa vita.
3. Makaburi yalivunjwa wakati wa vita.
4. Makaburi yalivunjwa na wafanyakazi wa manispaa ya mji, kwa idhini ya wakuu wa jeshi la Ujerumani.

Kisarufi zote ni sahihi. Sentensi ya kwanza inayafanya makaburi yajiondoe yenyewe. Ya pili, katika kauli ya kutendeka, inayapa hali ya chungu kilichoanguka. Ya tatu, katika kauli ya kutendwa, inakiri kwamba yupo aliyetenda, lakini inamficha. Mgeni atajaza mwenyewe jina la Mjerumani, na mji utabaki msafi. Sentensi ya nne peke yake ndiyo inayosema yaliyotokea. Ni ndefu, na inaweza kumuudhi mwenyeji. Hata hivyo, ndiyo ambayo mgeni amekuja kuisikia.

Yaliyobaki

Ziara haipaswi kuishia katika vifo tu. Sinagogi la Monastirioton, lililojengwa katika muongo wa 1920, liliokoka kwa sababu wakati wa vita lilitumiwa na Shirika la Msalaba Mwekundu kama ghala. Jumba la Makumbusho la Wayahudi lilifunguliwa mwaka 2001 katika mojawapo ya majengo yaliyoukwepa moto wa 1917, na ndani yake yamo mawe yaliyookolewa kutoka makaburini. Soko la Modiano, lililosanifiwa na Eli Modiano, mtu wa familia ya Kiyahudi ya mji huo, lilikarabatiwa na kufunguliwa upya mwaka 2022. Watu wananunua zeituni na samaki humo bila kujua kila mara jina hilo limetoka wapi. Kulieleza ni kazi ya mwongoza watalii.

Pendekezo kwa walimu

Nchi zetu za Maziwa Makuu zina maeneo ya kumbukumbu ambayo mwanafunzi wetu anaweza kuajiriwa kuwaongoza wageni. Kwa hiyo napendekeza kwamba somo la mnyambuliko wa vitenzi lisifundishwe kwa mifano ya vikombe na milango pekee. Mwalimu awape wanafunzi tukio moja la kihistoria lenye ushahidi, waliandike kwa kauli ya kutenda, ya kutendwa na ya kutendeka, kisha wajibu maswali matatu: Je, mtenda anajulikana? Je, kauli niliyoichagua inamtaja au inamficha? Nikisimama mbele ya mtu aliyefiwa hapa, ninaweza kuisema sentensi hii bila kuinamisha macho?

Zoezi hili halihitaji vifaa wala safari. Kipindi kimoja kinatosha, na mwanafunzi atatoka darasani akijua kwa nini tunamsumbua na tofauti ya "-ik-" na "-w-".