Frank Silva: Mpambaji wa Mandhari Aliyegeuka Mwigizaji

Frank Silva, raia wa Marekani, alikuwa mpambaji wa mandhari ya filamu, yaani fundi anayepanga samani na vifaa kabla ya kamera kuwashwa. Mwaka 1989, wakati wa kurekodiwa kwa tamthilia ya Twin Peaks, mwongozaji David Lynch alimwona akihamisha samani chumbani, akaamua kumrekodi akiwa amechutama miguuni mwa kitanda. Baadaye, taswira yake ilinaswa kwenye kioo bila kukusudiwa. Lynch hakuifuta, alimpa Silva nafasi ya Bob, mhusika mwovu wa tamthilia hiyo.

Silva alifariki dunia mwaka 1995. Watazamaji wanakumbuka sura yake, ilhali majina ya mafundi wenzake husomwa na wachache, filamu inapokwisha.