Kuufumua Bohemian Rhapsody: Ulipie Nini, Uache Nini

Prodyuza chipukizi anayetaka kuusikiliza wimbo traki moja moja hatapata mwalimu mkali kuliko Bohemian Rhapsody wa Queen, uliotoka Oktoba 1975. Lakini kabla hujatoa hela, jua ulivyotengenezwa. Mashine ya mkanda ilikuwa na traki 24 tu. Freddie Mercury, mzaliwa wa Unguja, aliimba ile sehemu ya opera pamoja na Brian May na Roger Taylor, wakirundika sauti juu ya sauti. Traki zilipojaa, zilichanganywa na kuhamishiwa kwenye chache ili nafasi ya kurekodi ipatikane tena. Basi hata aliyeshika mkanda wenyewe hawezi kumtenga kila mwimbaji. Programu inayokuahidi muujiza huo inakuuzia ndoto.

Anza na kilicho rahisi zaidi. Filamu ya mfululizo wa Classic Albums kuhusu albamu ya A Night at the Opera inamwonyesha May akiwa kwenye meza ya miksi, akipandisha traki hii na kuzima ile huku akieleza. Kwa anayetaka kuelewa mpangilio wa sauti, hiyo inashinda kozi nyingi za kulipia.

Ukitaka kuchezea wimbo mwenyewe, zipo programu za kutenganisha sauti. Spleeter ya Deezer, iliyotolewa 2019, ni ya bure. Inaweza kutoa waimbaji, dramu, besi, piano na "mengineyo". Kwa wimbo huu piano ni muhimu, ila gitaa la May linatupwa kwenye hayo mengineyo. Demucs, ya bure pia, ina toleo linalojaribu kutoa gitaa na piano, ingawa piano yake si safi. Zote zinaweka waimbaji wote kapu moja, kwa hiyo opera utaisikia kama kwaya nzima. Kwa kunakili mstari wa besi wa John Deacon zinatosha kabisa. Kwa kujifunza miksi, hapana: mwangwi na mabaki ya ala nyingine hubaki, nawe utaishia kusoma makosa ya kompyuta ukidhani ni ufundi wa prodyuza wa wimbo, Roy Thomas Baker. Kuna zinazotoza kwa mwezi. Unacholipia hasa ni kutosumbuka na kompyuta. Mwenye kompyuta ya wastani na subira sioni kwa nini alipe.

Traki za wimbo huu zinazozunguka kinyemela, zikiwemo zilizochomolewa kwenye michezo ya video kama Rock Band 3, ziache. Faili zimebanwa, ala nyingi zimeshaunganishwa kwa makundi, na ukizitia kwenye kazi yako hakimiliki itakufuata.

Wasanii wengine walitoa traki zao wenyewe. Mwaka 2008 Radiohead waliuza wimbo wao Nude kwa vipande vitano kwenye iTunes, kila kimoja senti 99 za Marekani, yaani chini ya dola 5 kwa wimbo mzima. Bora zaidi kwa mfuko ni maktaba ya Mike Senior, mwandishi wa Mixing Secrets: traki kamili za bendi nyingi, bure kwa kujifunzia. Majina hayavumi, lakini maikrofoni ya kila ngoma ya dramu ipo kivyake, jambo ambalo hakuna programu itakayokupa kutoka kwenye wimbo wa Queen.

Gharama iliyojificha ni bando. Traki 24 za mono za dakika sita, biti 24, hufika takriban GB 1.1; vipande vinne vya stereo kutoka programu za kutenganisha, vya ubora wa CD, kwa wimbo huu ni kama MB 250, na hivyo unavitengeneza mwenyewe bila intaneti. Pakua usiku kama mtandao wako una bando la usiku, au kwenye Wi-Fi ya chuo. Audacity ya kufungulia faili ni bure. Hela iliyobaki inunue hedifoni za studio zinazofunika masikio. Spika ya simu itakufichia besi yote.