Jela Hailipi Kiinua Mgongo

Mfanyakazi wa Murang'a akishinda kesi yake katika Mahakama ya Ajira na Mahusiano ya Kazi kule Nyeri, kisha miezi ipite asione hata shilingi, humuuliza wakili wake: mbona huyu mwajiri hajafungwa? Kwake hukumu ni amri, na asiyetii amri ya jaji amemdharau.

Sheria haioni hivyo. Kesi ya kudharau mahakama huadhibu ukaidi, haikusanyi madeni. Jaji akiamuru mfanyakazi arudishwe kazini, au apewe cheti chake cha utumishi, mwajiri anayekaidi anaweza kutozwa faini au kufungwa. Lakini jaji akitoa fidia, ambayo kwa aliyefutwa isivyo haki haizidi mshahara wa miezi 12, kilichozaliwa pale ni deni. Deni hudaiwa kwa dalali wa mahakama anayekamata mali, au kwa kuzifuata pesa za mdaiwa benki. Kwa hiyo mwenye shamba la chai asiyelipa hutumiwa dalali kwanza.

Upo pia mlango wa kumfunga mdaiwa kwa deni lenyewe, ila ni mwembamba. Mwaka 2010 Jaji Martha Koome, ambaye sasa ni Jaji Mkuu, alikataa mtu afungwe kwa sababu tu hana cha kulipa. Maskini hafungwi kwa umaskini wake. Anayeficha mali ni habari nyingine.

Ugumu hasa huanza mdaiwa akiwa serikali ya kaunti. Kifungu cha 21 cha Sheria ya Kesi za Serikali hakiruhusu mali ya serikali ikamatwe kulipia hukumu, na kinga hiyo inazifunika kaunti pia. Dalali hawezi kuondoka na gari la kaunti. Mshindi huchukua kwanza cheti cha amri kinachotaja kiasi anachodai. Asipolipwa, anarudi kortini kuomba amri ya mandamasi, inayomlazimisha afisa anayesimamia fedha atimize wajibu wake. Afisa akiikaidi hiyo, ndipo kesi ya udharau inapopata miguu. Anayeruka hatua hizi hurudishwa nyuma, na gharama huenda zikawa juu yake. Ni safari ndefu mno kwa mtu aliyestaafu, na sioni haki gani inayolindwa kwa kuirefusha.

Hata akifika huko, ushahidi wake hupimwa kwa mizani nzito. Tangu uamuzi wa Mutitika wa 1985, udharau huthibitishwa kwa kiwango kinachozidi kile cha kesi za madai, ingawa hakifikii cha jinai. Mshtakiwa awe aliijua amri (tangu kesi ya Shimmers Plaza, 2015, kuijua kunatosha hata kama hakukabidhiwa karatasi) na awe ameivunja kwa makusudi. Tena amri yenyewe iwe wazi. Hukumu inayosema tu “alipwe haki zake zote” humpa mwajiri pa kujificha, kwani jaji wa udharau hakai kupiga upya hesabu za kiinua mgongo. Wakili makini hudai tarakimu na tarehe siku ile ile ya hukumu.

Pensheni ina kikwazo chake. Katika kesi ya mfuko wa pensheni wa Mamlaka ya Bandari, Mahakama ya Juu iliamua mwaka 2019 kwamba mgogoro wa wanachama na wadhamini uanzie kwa Mamlaka ya Mafao ya Kustaafu, kisha uende kwenye baraza lake la rufaa. Aliyeanzia kortini huenda akakuta kesi nzima imebomoka kabla hajafika kwenye udharau.